Meja Poore na Hesabu za Dola

Wapenzi wa kriketi nchini Uingereza wanazo tarakimu wanazozihifadhi kichwani kama sisi tunavyohifadhi mabao ya fainali. Mojawapo ni 91.23. Huo ndio wastani wa mikimbio ya Meja Robert Poore katika msimu wa 1899, alipoichezea timu ya jimbo la Hampshire. Msimu wowote wa Uingereza haukuona wastani mkubwa kuliko huo hadi alipokuja Don Bradman kutoka Australia mwaka 1930. Julai 1899, mjini Taunton, Poore alipata mikimbio 304 katika zamu moja ya kupiga. Yeye na Kapteni Wynyard, ofisa mwenzake wa jeshi, walijumlisha 411 kabla ya kutenganishwa. Ukitaka kujua wapinzani walitumia warushaji gani siku hiyo, nalo limeandikwa.

Naandika habari za mtu huyu kwa sababu maisha yake ni kielelezo kizuri cha jinsi dola inavyochagua cha kuhesabu.

Poore alizaliwa Dublin mwaka 1866, akaingia katika kikosi cha wapanda farasi cha 7th Hussars. Alikuwa mrefu kupita kiasi na hodari wa upanga. Kriketi hakuirithi shuleni kama vijana wengi wa tabaka lake. Aliichukulia kwa uzito akiwa tayari ofisa, huko India, akijifunza kwa kusoma vitabu. Lazima nikiri kwamba hilo linanivutia: mtu mzima anayeketi na kitabu ili ajue namna ya kushika gongo. Lakini tusisahau kwamba gharama za majeshi ya Waingereza huko India zililipwa kutoka hazina ya India, yaani kwa kodi za Wahindi. Muda wa ofisa kucheza ulikuwa na mlipaji wake.

Kutoka India alifika Afrika ya Kusini. Mapema mwaka 1896 aliichezea Afrika ya Kusini mechi tatu za kimataifa dhidi ya timu ya Uingereza iliyoongozwa na Lord Hawke. Ofisa wa Malkia akaiwakilisha nchi ya Afrika dhidi ya nchi yake mwenyewe, na wenyeji walio wengi hawakuwa na nafasi katika timu hiyo. Mechi ya mwisho ilichezwa Cape Town mwezi Machi. Mwezi huohuo Wandebele waliinuka dhidi ya utawala wa kampuni ya Cecil Rhodes, na Juni wakafuata Washona. Kikosi cha Poore kilikuwa miongoni mwa majeshi yaliyopelekwa kuzima vita hivyo, ambavyo Wazimbabwe huviita Chimurenga ya kwanza. Huko Mashonaland, majeshi ya Waingereza yalilipua kwa baruti mapango waliyokimbilia watu. Nehanda alinyongwa mwaka 1898. Mwaka uliofuata ndio ule wa 91.23.

Msimu wa Poore ulikatika Agosti 1899 aliporudi kazini, na Oktoba Vita vya Makaburu vikaanza. Humo alifikia cheo cha mkuu wa polisi wa jeshi la Uingereza Afrika ya Kusini, akatunukiwa nishani ya DSO. Jeshi lilichoma mashamba na nyumba, likawakusanya raia katika kambi. Makaburu waliofia humo walikaribia 28,000, wengi wao watoto. Tunalijua hilo kwa sababu Emily Hobhouse alikwenda kuona, akapiga kelele London, na serikali ikalazimika kutuma tume ya wanawake mwaka 1901.

Waafrika nao walikuwa na kambi zao. Tume ile haikuzikagua. Vifo vilivyoandikwa vinazidi 14,000, na watafiti wanakadiria kuwa huenda idadi halisi ikapita 20,000. Angalia pengo hilo: watu elfu kadhaa wanaelea kati ya makadirio mawili, wakati mikimbio ya msimu mmoja wa mtu mmoja inajulikana kuwa ni 1,551, bila kupungua hata mmoja.

Wapo watakaoniambia kwamba nachanganya mchezo na vita, na kwamba kitabu cha mwaka cha Wisden hakikuandikwa ili kihesabu makaburi. Ni kweli. Wala simshitaki Poore kwa kila kilichotendwa na jeshi lake. Hoja yangu ni nyepesi zaidi, na kwa maoni yangu ni nzito zaidi. Mara nyingi tunaambiwa kwamba kumbukumbu za wakati ule ni pungufu kwa sababu zama zilikuwa za kale na makarani wachache. Sikubali. Jamii iliyoweza kugawa mikimbio kwa idadi ya mara mchezaji alizotolewa, ikafika tarakimu mbili baada ya nukta, haikupungukiwa na hesabu. Karani alikuwepo, kalamu ilikuwepo, na daftari lilikuwepo. Kilichokosekana ni mkubwa wa kumwambia karani aende kambi ya pili.

Ndiyo maana kila mtumishi wa umma anaponieleza kwamba takwimu fulani za wanyonge hazipatikani, humuuliza ni takwimu gani zinazopatikana ofisini mwake, na nani aliziagiza.

Mwaka 1913 ulizinduliwa mnara Bloemfontein kwa ajili ya wanawake na watoto wa Kikaburu waliofia kambini. Waafrika waliofia kambi za jirani hawakutajwa. Rekodi ya Poore ya mikimbio 304 kwa Hampshire ilisubiri hadi 1937, Dick Moore alipopata 316. Mzee alikuwa bado hai. Alifariki mwaka uliofuata.