Muhammad Ali: Tumsome Bingwa Bila Kuhalalisha Ngumi

Kila pambano kubwa la ngumi linapokaribia, maswali ya vijana wetu hurudi yale yale. Je, ngumi za kulipwa ni halali? Na kama si halali, mbona Muhammad Ali anatajwa kwenye mihadhara yetu kama fahari ya Waislamu?

Siku hizi swali limezidi uzito. Desemba 2019 Anthony Joshua alirudisha mikanda yake kwa kumshinda Andy Ruiz huko Diriyah, Saudi Arabia. Mei 2024 Oleksandr Usyk akamshinda Tyson Fury mjini Riyadh na kukusanya mikanda yote mikubwa ya uzito wa juu. Kijana akiona nchi yenye Misikiti Mitakatifu miwili ndiyo mwenyeji wa mapambano haya, huhitimisha kuwa mambo ni sawa. Hapo ndipo panapohitaji ufafanuzi.

Hukumu kwanza

Baraza la Fiqhi lililo chini ya Rabita, katika kikao chake cha kumi kilichofanyika Makka mwezi wa Safar 1408 Hijria, sawa na Oktoba 1987, lilijadili suala hili na kuamua kwamba ngumi kama zinavyochezwa leo ulingoni ni haramu. Hoja yake ni nyepesi kufahamika. Mchezo huu unamruhusu kila mmoja kumdhuru mwenzake kwa makusudi, hata kama matokeo ni upofu, kuharibika ubongo au kifo, na mpigaji haulizwi. Baraza lilikumbusha katazo la Mwenyezi Mungu la kujitia katika maangamizo (Al-Baqara: 195) na la kuziua nafsi zetu (An-Nisaa: 29). Tena liliamua kuwa mapambano hayo yasioneshwe Waislamu kwenye televisheni, vijana wasije wakayaiga. Ongeza juu yake Hadithi ya Abu Hurayra (R.A.), katika Bukhari na Muslim, ambamo Mtume (S.A.W.) ameagiza uso uepukwe katika kupigana. Ulingoni uso ndio shabaha.

Hukumu haibadilishwi na mahali pambano linapofanyika. Makka ya wanachuoni na Riyadh ya wafanyabiashara wa burudani ni vitu viwili. Dalili huchukuliwa katika Kitabu na Sunna, si katika mabango ya matangazo.

Hili halina maana kwamba Uislamu unachukia nguvu. Muumini mwenye nguvu anapendeza zaidi mbele ya Allah, na katika kila mmoja kuna kheri. Kukimbia, kuogelea, kupiga mieleka isiyo na madhara na kujifunza kujilinda, milango yote hiyo iko wazi. Kilichofungwa ni kuumizana kwa ajili ya fedha na makofi ya watazamaji.

Basi Ali tumweke wapi?

Alizaliwa Louisville, Kentucky, Januari 17, 1942, akaitwa Cassius Clay. Mwaka 1960 alipata medali ya dhahabu ya Olimpiki mjini Rome. Februari 25, 1964, akiwa na miaka 22, alimpiga Sonny Liston na kuwa bingwa wa dunia, kisha akatangaza hadharani kuwa yeye ni mfuasi wa Nation of Islam. Siku chache baadaye akalichukua jina la Muhammad Ali. Magazeti mengi ya Marekani yaliendelea kwa miaka kumwita kwa jina la zamani.

Ukweli usemwe. Nation of Islam ya Elijah Muhammad ilikuwa na itikadi zinazopingana na misingi ya dini yetu: ilidai Mungu alidhihiri katika mwili wa mtu na ikampa Elijah cheo cha mtume. Ali aliingia kwa mlango huo. Malcolm X alipojitenga na kundi hilo na kuhiji mwaka 1964, Ali alimpa kisogo, na baadaye sana aliandika kuwa hilo ni miongoni mwa makosa aliyoyajutia zaidi maishani. Alihiji mwaka 1972. Elijah alipofariki mwaka 1975, mwanawe Warith Deen Mohammed aliwaongoza wafuasi wengi kwenye Uislamu wa Sunna, na Ali alikuwa miongoni mwao. Mwenyezi Mungu humwongoa amtakaye, na safari ya mja haihukumiwi kwa hatua yake ya kwanza.

Aprili 28, 1967, mjini Houston, jina lake liliitwa aingie jeshini kwa ajili ya vita vya Vietnam. Alikataa kusogea mbele, akisema dini yake haimruhusu. Alinyang'anywa ubingwa na leseni, akahukumiwa kifungo cha miaka 5 na faini ya dola 10,000. Alibaki nje kwa dhamana akisubiri rufaa, lakini zaidi ya miaka mitatu hakupanda ulingoni, tena wakati nguvu zake ziko kileleni. Juni 28, 1971, Mahakama Kuu ya Marekani ilifuta hukumu hiyo kwa kura 8 bila ya kupingwa. Hapa ndipo lilipo somo lake kubwa kwetu, nalo halihusiani na ngumi hata kidogo: alipoambiwa achague baina ya dunia yake na imani yake, aliiacha dunia bila ya kujua kama ingemrudia.

Aliporudi alimwangusha George Foreman mjini Kinshasa, Oktoba 30, 1974, raundi ya nane, akatwaa tena ubingwa.

Siku alipotua Dar es Salaam

Sehemu isiyosimuliwa sana inatuhusu sisi moja kwa moja. Februari 1980 Rais Jimmy Carter alimtuma Ali Afrika, kuzishawishi nchi zisusie Olimpiki ya Moscow kwa sababu ya uvamizi wa Afghanistan. Kituo cha kwanza kilikuwa Tanzania. Mwalimu Nyerere hakukubali kumwona. Waandishi wa habari wakamuuliza: Afrika iliposusia michezo ya Montreal mwaka 1976 kwa sababu ya Afrika Kusini, Marekani ilikuwa wapi? Ali alikiri kuwa jambo hilo hakuwa amelijua, na akaonesha wasiwasi kuwa huenda anatumiwa.

Kenya haikwenda Moscow. Tanzania ilikwenda, na Filbert Bayi na Suleiman Nyambui wakarudi na medali za fedha.

Mtu yule yule aliyeikatalia serikali mwaka 1967 alikubali kutumwa nayo mwaka 1980. Jina la bingwa ni mtaji, na wenye madaraka hulitafuta, jana Washington, leo Riyadh. Tofauti ya Ali ni kwamba alipoelezwa, hakuona haya kusema hakujua. Wangapi katika sisi tunaweza hilo mbele ya kamera?

Mwisho wa safari

Pambano lake la 61 na la mwisho lilikuwa Desemba 1981, akashindwa. Mwaka 1984 aligunduliwa kuwa na maradhi ya Parkinson. Madaktari wanatofautiana kuhusu kiasi gani ngumi zilichangia, lakini madhara ya vipigo vya kichwa kwa mabondia ni jambo linalojulikana. Ulimi uliokuwa ukitamba duniani kote ukawa hausikiki vizuri. Anayetaka kuelewa hekima ya hukumu ya 1987 na auangalie mkono wake ukitetemeka akiwasha mwenge wa Olimpiki, Atlanta, mwaka 1996.

Hata hivyo hakukaa kimya. Mwaka 1990 alikwenda Baghdad na kurudi na Wamarekani 15 waliokuwa wakizuiliwa. Hollywood ilipompa nyota, alikataa jina la Muhammad likanyagwe chini, nayo ikawekwa ukutani. Desemba 2015, Donald Trump alipotaka Waislamu wazuiwe kuingia Marekani, Ali alitoa tamko la kuitetea dini yake.

Alifariki Juni 3, 2016, siku chache kabla ya Ramadhani. Maelfu walimsalia jeneza mjini Louisville.

Kwa hiyo jibu kwa vijana wetu ni hili: msiichukue ngumi yake, chukueni msimamo wake. Mwenye mwili wa mazoezi na aushukuru kwa Mola wake, aulinde, na nguvu zake azitumie kutetea haki pasipo kumpasua mwenzake.

Allah amrehemu Muhammad Ali, amsamehe makosa yake na yetu.

Wallahu a'lam.