Sauti za Webuye Zihifadhiwe

Wanafunzi wa sanaa wa Kitale na Bungoma wakitumwa Webuye wakachore, aghalabu hurudi na picha ya aina moja: dohani ndefu, mabati yaliyoliwa na kutu, na Mto Nzoia ukipita kando. Nimesahihisha michoro kama hiyo kwa miaka mingi. Inapendeza, na hilo ndilo linalonitia shaka.

Kiwanda cha Pan African Paper Mills kilianza kutoa karatasi mwaka wa 1974. Magogo yalimenywa magome, yakakatwa vipande, yakachemshwa kwa kemikali hadi yakawa rojo, na harufu yake ikawa ndiyo inayomtangazia abiria kwamba amefika Webuye. Wengi wetu tulijifunzia hati na hesabu juu ya karatasi ya hapo. Mwaka wa 2009 kiwanda kilifungwa kikiwa na madeni makubwa, na baada ya majaribio ya kukifufua kikauzwa mwaka wa 2016 kwa shilingi milioni 900.

Kutu huja polepole, kama mvi, hata mtazamaji akadhani kuwa ni kazi ya mvua na jua. Mitambo kunyamaza ni jambo jingine. Ukimya una tarehe, nao una waliousababisha. Ndiyo maana nasema mchoro hautoshi.

Emeka Ogboh wa Nigeria alisomea sanaa ya kuonwa kwa macho, lakini alipotaka kuuonyesha mji wa Lagos alirekodi honi na makondakta wakiita abiria, akawasikilizisha watu wa Ulaya katika kumbi za maonyesho. Mwenzetu Joseph Kamaru, ajulikanaye kwa jina la KMRU, alitoa mwaka wa 2022 kazi iitwayo Temporary Stored, iliyotokana na sauti za Kiafrika zilizohifadhiwa katika makumbusho ya Tervuren, Ubelgiji. Je, tungoje wageni watuhifadhie na za Webuye?

Wapo watakaosema kwamba mzee aliyepoteza kazi hali sauti. Ni kweli. Lakini mwulize mzee huyo mtambo wake ulilia vipi. Atauigiza kwa mdomo, nasi walimu wa Kiswahili tutapata tanakali za sauti zisizomo kitabuni. Kisha, bila kusukumwa, atafika kwenye zamu ya usiku, kwenye karo iliyolipwa na ule mshahara, na kwenye asubuhi alipokuta lango limefungwa. Dohani haiwezi kumsimulia mtoto hayo.

Mkondo wa sanaa umeanza katika sekondari pevu Januari 2026, na simu ya kawaida yaweza kunasa sauti. Naomba kila mwanafunzi anayechora kiwanda hicho aambatanishe na picha yake sauti ya mtu mmoja aliyefanya kazi humo, kwa idhini yake, pamoja na mwaka alioanza na mwaka alioondoka. Makumbusho ya Kitale, yaliyofunguliwa mwaka ule ule wa 1974, yangefaa kutenga chumba cha kazi hizo. Walioanza kazi wakiwa na umri wa miaka 20 sasa wamepita 70, na likizo ya Aprili haiko mbali.