Ukali wa Manukato Hausomwi kwenye Lebo

Imani iliyoenea miongoni mwa wanaume wanaonunua manukato nchini Tanzania, kuanzia Kariakoo hadi maduka ya Dodoma mjini na vituo vya barabara ya Kondoa kama Haneti, ni kwamba chupa iliyoandikwa Intense ina manukato yaleyale ya chupa ya kawaida ya jina hilo, isipokuwa mafuta yameongezwa na spiriti imepunguzwa. Imani hiyo huzaa nyingine mbili: kwamba manukato hayo lazima yanukie mbali zaidi, na kwamba yatakaa mwilini tangu asubuhi hadi usiku, kwa hiyo bei yake kubwa ni ya haki. Zote tatu ni dhaifu. Ya kwanza inakanushwa na namna manukato yanavyotungwa, ya pili na namna yanavyopaa kutoka kwenye ngozi, na ya tatu, kwa mkazi wa uwanda wa kati, inakanushwa na hewa anayoivuta kila siku.

Manukato ya kunyunyizia ni mchanganyiko wa mafuta ya harufu, yaani malighafi zinazonukia za mimea na za maabara, pamoja na spiriti inayoyabeba na maji kidogo. Kwa desturi ya biashara, mchanganyiko wenye mafuta ya asilimia 2 hadi 5 huitwa Eau de Cologne, wa asilimia 5 hadi 15 huitwa Eau de Toilette, wa asilimia 15 hadi 20 huitwa Eau de Parfum, na unaozidi hapo huitwa Parfum au Extrait. Ngazi hiyo ni desturi wala si sheria, ndiyo maana mipaka yake hutofautiana baina ya kampuni na kampuni. Na neno Intense halimo hata katika ngazi hiyo, bali hubandikwa juu yake kwa hiari ya muuzaji. Kanuni ya Umoja wa Ulaya kuhusu vipodozi, namba 1223 ya mwaka 2009, inaruhusu mchanganyiko mzima wa harufu uandikwe kwa neno moja, parfum, na kuagiza vitajwe viambato fulani vinavyoweza kuleta mzio, yaani muwasho au vipele kwa watu ambao miili yao inavikataa, lakini haimlazimishi mtengenezaji kutaja asilimia ya mafuta. Nchini Tanzania usimamizi wa vipodozi ulihamishwa mwaka 2019 kutoka iliyokuwa Mamlaka ya Chakula na Dawa kwenda Shirika la Viwango Tanzania, TBS, na shabaha ya usimamizi huo ni usalama na ubora wa bidhaa. Kwa hiyo mnunuzi anayeamini kwamba Intense ni kipimo anaamini kipimo ambacho hakuna aliyekiweka na hakuna anayekikagua.

Mfano unaoibomoa imani ya kwanza vizuri kuliko mingine ni Dior Homme Intense, toleo ambalo wapenzi wengi wa manukato ya kiume huliweka katika safu ya mbele ya bidhaa za kampuni za mitindo, yaani kampuni zilizojulikana kwanza kwa mavazi. Dior Homme ya awali ilitoka mwaka 2005, wakati mavazi ya kiume ya kampuni ya Dior yalipokuwa yakibuniwa na Hedi Slimane, na mtunzi wa harufu yake alikuwa Olivier Polge. Aliijenga juu ya airisi, malighafi inayotoka katika shina la chini ya ardhi la ua la jina hilo, shina lenye umbo la tangawizi, ambalo baada ya kuvunwa huhifadhiwa kwa miaka kama mitatu hadi ndani yake zijitokeze kemikali ziitwazo aironi, zenye harufu ya poda na ya rangi ya midomo. Toleo la Intense lilifuata mwaka 2007, nalo lilipangwa upya baadaye chini ya François Demachy, aliyekuwa mtunzi wa manukato wa Dior. Katika toleo hilo airisi imesogezwa mbele zaidi na kuzungukwa na lavenda, mbegu za ambreti zinazotoa harufu ya miski bila kumhitaji mnyama, mwerezi, na vetiva, ambayo ni mizizi ya nyasi yenye harufu ya udongo mkavu. Kisha, mwaka 2020, Dior iliitoa upya Dior Homme ya kawaida ikiwa manukato ya miti na miski, na airisi iliyokuwa uti wa mgongo wake ikaachwa. Tangu hapo Intense imebaki kuwa toleo kali la kitu ambacho hakimo tena katika chupa mpya yenye jina la Dior Homme, na anayeinunua akitarajia harufu ya chupa hiyo ya kawaida iliyotiwa nguvu atakutana na harufu nyingine kabisa.

Wala Dior Homme si kisa cha pekee. Sauvage ya kampuni hiyohiyo, iliyotoka mwaka 2015, ilisimama juu ya bergamoti, tunda la jamii ya ndimu lilimwalo Calabria nchini Italia, na ambroksani, kemikali inayoiga ambari, ile mali ya baharini ambayo pwani ya Afrika Mashariki iliiuza Uarabuni kwa karne nyingi. Baada yake zilitoka Eau de Parfum mwaka 2018, Parfum mwaka 2019 na Elixir mwaka 2021. Na hiyo Elixir, ambayo wanunuzi huihesabu kuwa kilele cha ukali, imejaa mdalasini, kungumanga, iliki, lavenda na urukususu, kiasi kwamba mtu aliyeipenda Sauvage ya kwanza kwa ule ubichi wake wa ndimu hana sababu ya kuipenda hii.

Sababu ya mabadiliko hayo si hila za biashara peke yake. Shirika la kimataifa la manukato, IFRA, lililoanzishwa mwaka 1973, huweka viwango vya juu vya malighafi kadhaa zinazoweza kudhuru ngozi, na viwango hivyo hupimwa katika bidhaa iliyokamilika, si katika mafuta kabla hayajachanganywa na spiriti. Kuvumwani ya mti wa mwaloni, kwa mfano, ambayo huota juu ya magome na kwa muda mrefu ilikuwa nguzo ya manukato ya kiume, ina kikomo chake. Ikiwa Eau de Toilette imekwisha kukifikia kikomo hicho, mtunzi hawezi kuongeza mafuta yote maradufu bila kukivuka. Hulazimika kupunguza hiki na kuongeza kile, na akishafanya hivyo ametunga manukato mapya, hata kama jina na umbo la chupa havikubadilika.

Imani ya pili, kwamba mafuta mengi ni harufu ya mbali, inachanganya mambo mawili ambayo mara nyingi huvutana. La kwanza ni mtawanyiko, yaani umbali ambao harufu inafika kutoka mwilini. La pili ni udumu, yaani muda ambao harufu inakaa kwenye ngozi. Harufu hufika puani kwa kupaa: molekuli nyepesi, kama zile za maganda ya chungwa na ndimu, hupaa upesi na kusikika mbali, lakini huisha mapema, ilhali molekuli nzito za vanila, sandali na miski hupaa polepole, hudumu, na husikika karibu. Matoleo mengi yaitwayo makali hupata uzito wake kwa kuongezewa kundi hili la pili, ambalo pia huzishika zile nyepesi zisipae kwa kasi yao. Matokeo yake ni manukato yanayokaa mwilini kwa saa nyingi huku yakimfikia tu aliyeketi kando, wakati Eau de Toilette iliyodharauliwa hujaza chumba kizima katika saa yake ya kwanza. Dior Homme Intense iko upande huo wa uzito: si manukato ya kupiga kelele, na uzuri wake hujitokeza kwa mtu aliye karibu.

Hoja yenye nguvu zaidi ya watetezi wa imani hizi ni kwamba wao wenyewe huisikia harufu ikidumu, na hoja hiyo haipaswi kupuuzwa, kwa sababu mara nyingi ni kweli kuwa kitu fulani kinabaki. Swali ni kitu gani. Kinachobaki baada ya saa sita ni msingi, yaani kundi zito la mwisho, na msingi wa manukato mengi ya kiume ya siku hizi unafanana sana kutoka chupa moja hadi nyingine: miski ya maabara, utamu wa vanila na miti mikavu. Mtu anayelipia udumu peke yake analipia sehemu ya manukato isiyo na upekee. Tena pua si shahidi wa kuaminika wa manukato ya mwenyewe, kwa kuwa huzoea harufu isiyokoma na kuacha kuitambua, na wapo watu ambao tangu kuzaliwa hawasikii baadhi ya miski za maabara. Ndiyo maana mvaaji hulalamika kwamba manukato yamekwisha, akaongeza mengine, na abiria wenzake katika basi la Kondoa ndio wanaobeba ziada hiyo.

Imani ya tatu inaanguka mtu anapofika Haneti. Wilaya ya Chamwino, ambamo Haneti imo, ni sehemu ya nchi kame ya Dodoma, iliyo juu ya mita 1,000 kutoka usawa wa bahari katika sehemu kubwa, na inayopata mvua za msimu mmoja tu, takribani kuanzia Desemba hadi Aprili. Miezi inayobaki hewa ni kavu na yenye upepo, na ngozi hupauka. Tathmini za udumu ambazo mnunuzi huzisoma zimefanywa kwa kawaida katika miji ya Ulaya, Marekani au Ghuba, na hazisafiri salama hadi huku. Ngozi kavu haiyashiki mafuta ya harufu kama ngozi yenye unyevu, hewa kavu huipunguzia pua uwezo wa kunusa, na joto la Oktoba na Novemba, ambalo mchana huzidi nyuzi 30, huzichoma upesi harufu za mwanzo na kuuacha utamu wa msingi peke yake, mzito na wenye kukinaisha. Mafuta ya mgando yasiyo na harufu, yakipakwa mwilini kabla ya kunyunyizia, huongeza udumu wa manukato yoyote kwa gharama ndogo kuliko tofauti ya bei kati ya toleo la kawaida na la Intense.

Hata namna ya kuyatunza manukato ina uzito kuliko lebo. Milima ya Haneti inajulikana kwa krisopresi, kito cha kijani kinachopata rangi yake kutokana na nikeli, na rangi hiyo inaweza kufifia kito kikikaa sana juani au kwenye joto. Manukato nayo huharibika vivyo hivyo, kwa sababu mwanga na joto huvunja molekuli zake, na hakuna asilimia ya mafuta inayoweza kuinusuru chupa iliyopangwa kwenye rafu inayopigwa na jua.

Waswahili wa pwani, ambao wana historia ndefu ya manukato makali, hawakuwahi kuutafuta ukali kwa njia ya lebo. Nguo hufukizwa udi kwenye chetezo, mwili hupakwa mafuta yasiyo na spiriti, na maua ya asumini huongezwa kwa hafla. Ukali unatokana na mpangilio wa tabaka hizo na kufaa kwake kwa wakati na mahali. Ni elimu hiyo ambayo biashara ya sasa inaifuta inapomfundisha mwanaume kwamba jambo la kujua ni neno moja tu. Wauzaji wa manukato ya kupima, wanaojaza chupa ndogo kutoka katika chupa kubwa, nao wamelidaka neno hilo, na kwa kuwa halina kiwango, hakuna wa kuwauliza.

Ikihukumiwa kwa haki, Dior Homme Intense ni utunzi mzuri, na unafaa uwanda wa kati kwa nyakati maalumu: usiku wa kipupwe, Juni hadi Agosti, baridi inapoipa airisi nafasi ya kujifungua polepole, harusini au kwenye mazungumzo ya watu wachache. Kwa mchana wa Oktoba haufai, na Eau de Toilette yoyote yenye ndimu na vetiva itamhudumia mvaaji vizuri zaidi, hata ikibidi kuinyunyizia mara mbili. Mnunuzi aulize yaliyomo ni harufu gani, ajipulizie mkononi, aende zake juani, kisha arudi dukani baada ya saa kadhaa akiwa na jibu la ngozi yake. Na muuzaji asiyempa nafasi hiyo hastahili bei ya ziada anayoidai kwa ajili ya neno Intense.