Sufuria Isiyo na Fungu la Baba

Leo sitasema juu ya dawa. Nitasema juu ya sufuria ya makaroni. Labda utacheka na kuuliza, "Muganga mwanaume anajua nini juu ya kupika?" Cheka, si kitu, lakini usome mpaka mwisho, kwa maana neno hili linahusu afya ya watoto wako.

Katika mji wetu wa Bukavu makaroni si chakula cha wageni tena. Paketi ya gramu 500 inauzwa katika vibanda vingi, na mama aliyechelewa kurudi sokoni anaweza kuipika upesi. Maharagi yanataka makala mengi na saa nyingi. Makaroni yanataka dakika chache tu. Simlaumu mama huyo. Lakini ninaona namna yanavyopikwa katika nyumba nyingi: makaroni, maji, chumvi, na kijiko kimoja cha tomati ya kopo ili yawe mekundu. Tumbo la mtoto linajaa, na mama anafurahi. Tena, kama kuna samaki au yai, linawekwa juu ya sahani ya baba.

Siku moja mama mmoja alileta mtoto wa miaka 2 hospitalini. Miguu yake ilikuwa imevimba. Ukiibonyeza kwa kidole, shimo lilibaki. Nywele zake zilikuwa nyekundu na laini, na ngozi ya mapaja ilikuwa ikibambuka. Hakucheza. Alitazama tu. Ugonjwa huu sisi huku Kivu tunauita bwaki. Nilimwuliza mama, "Mnakula nini nyumbani?" Alijibu kwa haya, "Muganga, kwetu samaki hawakosekani." Sikumsadiki. Lakini nilipozidi kuuliza, niliona ya kuwa alisema kweli. Samaki walikuwamo nyumbani, ila hawakufika kinywani mwa mtoto. Waliwekwa wote juu ya sahani moja, na sahani ile ilikuwa ya mwenye nyumba. Mtoto alipewa mchuzi.

Nilimkasirikia sana mwanaume yule, ingawa sikumjua. Jioni nilirudi kwangu. Bibi yangu alikuwa amepika makaroni. Juu ya sahani yangu palikuwa na mayai mawili. Sahani za watoto zilikuwa nyeupe. Mtoto wetu mdogo alinyosha kijiko chake kuelekea sahani yangu, na mama yake akampiga mkononi, akasema, "Hicho ni cha baba." Mimi sikusema neno. Nilikula mayai yote mawili. Asubuhi yake nilisimama mbele ya wamama kufundisha juu ya vyakula vya kujenga mwili, na ulimi wangu ulikuwa mzito.

Tangu siku ile mawazo yangu ni haya: katika nyumba nyingi zetu si chakula tu kinachopunguka. Kinachopunguka ni ugawaji. Na kama ugawaji ni mbaya, mama hawezi kuutengeneza kwa maneno, maana desturi ina nguvu kuliko maneno. Lakini anaweza kuutengeneza kwa sufuria. Ndiyo sababu nawashauri wamama kuoka makaroni, wala si kuyachemsha tu.

Fikiri vema. Mchuzi una vipande. Mtu anaweza kuchagua kipande kikubwa na kuwaachia wengine maji. Lakini makaroni ya kuoka yamechanganywa na samaki, mayai na mboga mpaka ndani, kisha yanashikamana kama mkate. Ukiyakata, kila kipande kina samaki yake na yai lake. Hakuna anayeweza kuchagua. Baba akipewa kipande kikubwa kwa kuwa ni mtu mkubwa, ni haki yake. Lakini kipande kidogo cha mtoto ni chakula kile kile. Sufuria hii haina fungu la baba. Ina fungu la kila mtu.

Zamani, katika mwaka wa 1933, daktari mwanamke jina lake Cicely Williams aliandika juu ya ugonjwa huu alipokuwa akitumika katika nchi inayoitwa Ghana siku hizi. Katika mwaka wa 1935 aliueneza kwa jina la kwashiorkor, neno la watu wa Ga wa nchi ile. Kwao ni ugonjwa wa mtoto aliyesukumwa kando wakati mdogo wake alipozaliwa. Wazazi wale wa Ghana waliona vema. Waganga wa leo wanajua ya kuwa bwaki haina sababu moja tu. Kuhara, surua na magonjwa mengine yanamvunja mtoto nguvu. Lakini mtoto aliyesukumwa kando na ziwa la mama, tena akasukumwa kando na sahani ya samaki, atasimama kwa nguvu gani ugonjwa ukija?

Mtu mwingine atasema, "Basi, tuache makaroni, turudie bugali peke yake." Hapana. Makaroni si adui. Gramu 100 za makaroni makavu zina zaidi ya gramu 10 za protini, yaani kile kinachojenga mwili. Unga wa mihogo wa uzito ule ule una gramu 2 tu hivi, au chini yake. Lakini protini ya ngano imepungukiwa na sehemu moja iitwayo lisini. Samaki, mayai, maziwa na maharagi yana lisini nyingi. Kwa hiyo vikikutana ndani ya sufuria moja, kimoja kinamaliza upungufu wa kingine. Makaroni ni kama kikapu: ukikipeleka kitupu, unarudi na kikapu kitupu.

Na bei je? Bei za soko zinabadilika, kwa hiyo sitaandika hesabu ya franka hapa. Lakini fanya hesabu hii mwenyewe. Mama mwenye watoto wengi ananunua paketi mbili ili washibe. Mimi nasema: ununue paketi moja, na kwa franka za paketi ya pili ununue sambaza na mayai. Kama franka hazitoshi kwa vyote viwili, uchukue yai moja na maharagi uliyopika jana. Sambaza ni zawadi ya ziwa letu. Hawakuwamo katika ziwa Kivu zamani; waliletwa kutoka ziwa Tanganyika katika mwaka wa 1959, na leo hata mtu wa mshahara mdogo anaweza kununua fungu lao dogo.

Sasa usikie namna ya kupika kwa watu 6 mpaka 8, wakubwa na wadogo.

Utafute makaroni paketi moja ya gramu 500, sambaza wakavu kikombe kimoja na nusu, mayai 3, vitunguu 2, nyanya 6 zilizoiva, fungu moja la lengalenga, maziwa ya unga vijiko 4 kama unayo, mafuta ya mawese vijiko 3, na chumvi kidogo. Kama huna sambaza, utie vikombe viwili vya maharagi yaliyoiva na kupondwa kidogo.

Kwanza, uchague sambaza vizuri ili mchanga utoke. Uwaloweke katika maji ya moto kidogo, uwaoshe mara mbili, kisha uwakaange na vitunguu katika mafuta. Utie nyanya na lengalenga iliyokatwa ndogo, uache mpaka maji yapunguke. Kama sambaza wametiwa chumvi, usiongeze nyingine.

Pili, uchemshe maji litre 3 au 4, utie makaroni, na uyaondoe motoni kabla hayajalainika kabisa, kama dakika mbili au tatu mbele ya wakati ulioandikwa juu ya paketi. Yataendelea kuiva yakiokwa. Usimwage maji yote. Uweke vikombe viwili kando.

Tatu, maji yale yakiwa yamepoa, uyakoroge pamoja na maziwa ya unga na mayai. Maji ya moto yatafanya mayai yagande, kwa hiyo usiharakishe. Uchanganye makaroni, sambaza na maji haya yote pamoja. Uchanganye mpaka chini, maana hapa ndipo haki ya mtoto inapoingia.

Nne, upake mafuta ndani ya sufuria nzito, uyatie makaroni, uyasawazishe juu. Kama una mkate wa jana uliokauka, uuvunje-vunje na kuunyunyiza juu. Ukiweza kupata kipande kidogo cha fromaji ya Masisi, ukiparuze juu, lakini usikope franka kwa ajili yake.

Huna furu? Hata mimi sina. Uweke makala machache tu ndani ya mbabula, ufunike sufuria kwa kifuniko cha bapa cha chuma, na uweke makala mengi ya moto juu ya kifuniko. Moto wa juu uwe mkubwa kuliko wa chini, usipofanya hivyo utapata majivu chini na maji juu. Baada ya dakika 25 mpaka 30 uingize kisu katikati. Kikitoka kikavu, yameiva. Uache sufuria itulie dakika 10 kabla ya kukata, ili vipande visivunjike.

Kazi hii uifanye nje. Mbabula ndani ya nyumba iliyofungwa inatoa hewa mbaya isiyo na harufu, na hewa hiyo inaua watu katika usingizi. Tena watoto wawe mbali na kifuniko chenye makala.

Mtoto aliyepita miezi 6 anaweza kuonja chakula hiki kikipondwa sana, lakini sambaza wake watwangwe kuwa unga ili mifupa isimkwame, na chumvi isitiwe katika fungu lake kabla ya kuoka. Aendelee kunyonya mpaka miaka 2 au zaidi.

Neno moja uliweke moyoni: chakula hiki ni cha kulinda mtoto mzima, si cha kumponya mgonjwa. Ukiona miguu ya mtoto imevimba, usimpikie makaroni wala usimjaze mayai. Mwili wake hauwezi kupokea chakula kizito kwa ghafula, kinaweza kumwua. Umlete hospitalini siku ile ile. Huko ataanzishwa kwa maziwa ya pekee, kidogo kidogo, kisha atapewa chakula cha karanga kilichotengenezwa kwa ajili yake.

Najua wababa wengine watanung'unika. Watasema, "Mnatuondolea heshima yetu." Ndugu yangu, mimi pia nilifikiri hivyo. Lakini heshima ya baba si mayai mawili juu ya sahani. Kazi ya mikono yako ndiyo iliyonunua mayai yale. Je, ulitaka yakae ndani ya tumbo lako tu, ama yawe mifupa na nyama ya watoto wako? Mtu akipita mbele ya nyumba yako, hatazami sahani yako. Anatazama watoto wanaocheza uani.

Na ninyi wamama, msingoje mwanaume aseme, "Sasa tugawane." Huenda hatasema kamwe. Mimi muganga sikusema, ingawa nilijua yote. Pika tu, ukate vipande, uweke mezani. Kwangu ilikuwa hivyo. Bibi yangu hakunigombeza. Jumamosi moja aliweka sufuria katikati, akaikata mbele yetu sote, akanipa kipande cha kwanza, na mtoto mdogo akapata cha pili. Mtoto alitazama ndani ya kipande chake, akaona samaki, akanitazama mimi, tena akatazama kipande changu. Kisha akala, wala hakunyosha kijiko chake kwenye sahani ya mtu.