Kwa Nini Modi Tamu Huisha Kabla Shule Zifungwe

Kila likizo ikianza, inbox yangu hujaa swali moja: "Buda, ile modi imeenda wapi?" Watoto wa bweni wametoka shule, wametafuta bando, wameapdeti gemu usiku kucha, wanaingia lobi wanakuta kitufe hakipo. Waliisikia modi hiyo kutoka kwa wasee wa kutwa, wakaisubiri wiki tisa, na iliisha wiki ya sita. Niko na maoni kuhusu hii kitu, na ni marefu kuliko video ya dakika moja, kwa hivyo leo naandika.

Nitaanza kwa kuwatetea wanaotengeneza gemu, juu wanatukanwa sana hata pale hawajakosea.

Kama umekulia Gusii, unajua soko. Keroka ina siku zake, Daraja Mbili ina zake, na vile vituo vidogo ukielekea Nyamira kila kimoja kina chake. Siku isiyo ya soko unaweza kupata nyanya, ndio, lakini utapata mama wawili watatu wakipiga stori. Sababu ni kwamba wanunuzi ni walewale. Masoko yote yakifunguliwa makubwa kila siku, kila moja litakuwa na wachuuzi wakiangaliana tu. Siku ya soko inakusanya watu mahali pamoja ili biashara itokee.

Foleni ya gemu ni hivyo hivyo. Chukulia wachezaji 10,000 wako onlaini saa hii kwenye ukanda mmoja wa seva, namba rahisi tu ya kupigia hesabu. Wape modi tano, kila modi inabaki na 2,000. Wagawe kwa wanaocheza peke yao, wawili wawili na skwadi: kama 667. Wagawe tena kwa ngazi sita za cheo, ili mgeni asitupwe kwa mabingwa wamchinje: 111. Sasa kumbuka mechi moja ya battle royale ya Fortnite inataka watu 100. Foleni nzima imetoa mechi moja, na wewe uliyechelewa dakika moja unangoja hiyo iishe. Ama seva inakujazia maboti. Ama inakurusha seva ya mbali, pingi inapanda, unapiga mtu risasi na anaanguka wewe ukiwa ushakufa kitambo.

Kwa hivyo mtu akiniambia "si waache modi zote ziwe wazi daima," namwambia hapana. Hiyo ilijaribiwa. Apex Legends walileta Arenas Mei 2021, modi ya watu watatu dhidi ya watatu, na haikuletwa kama ya muda. Ilikuwa ikae. Februari 2023 ikaondolewa, na nafasi yake ikachukuliwa na Mixtape, kitufe kimoja ambacho ndani yake Control, Gun Run na Team Deathmatch zinapokezana. Yaani modi ya kudumu ilikufa na zile za kuzunguka zikarithi shamba.

Na kuna wakati muda mfupi ni mtihani wa kweli. Machi 20, 2022, Fortnite waliamka wakatoa ujenzi kwenye modi kuu. Wasee wengi ambao hawakuwahi kujua kujenga ghorofa katikati ya risasi (niko kati yao, na sioni aibu) tukarudi. Siku tisa baadaye Zero Build ikawa modi ya kudumu. Novemba 2023 wakarudisha ramani ya zamani kwa mwezi mmoja, ikavuta wachezaji milioni 44.7 siku moja tu, na Desemba 2024 Fortnite OG ikarudi kukaa. Hapo wachezaji walijibu na kampuni ikasikia.

Halafu kuna uchovu. Wanaocheza League of Legends kwenye kompyuta wanaijua URF, ilianza kama mzaha wa Aprili 2014, nguvu zote za mhusika zinarudi haraka kama wazimu. Watu wameililia iwe ya kudumu miaka yote. Riot walishaeleza kwa nini wanasita: watu wakiicheza mfululizo wanaichoka, na wengine wakiichoka wanaacha gemu yenyewe. Naamini hiyo. Keki ya kila siku inakuwa ugali.

Kufikia hapo, tuko pamoja. Shida yangu iko kwenye saa.

Modi ya muda mfupi siku hizi haiji peke yake. Inakuja na skini, na beji, na orodha ya kazi za kila siku, na juu ya vyote saa inayohesabu kurudi nyuma kwa rangi nyekundu. Wachache foleni ikose kujaa, hiyo naelewa. Lakini foleni haihitaji skini ambayo "haitarudi tena". Hiyo saa iko pale kunitia hofu, ili nifungue gemu hata siku sina hamu. Mei 2024, mamlaka ya Uholanzi inayolinda wanunuzi, ACM, iliwatoza Epic faini ya zaidi ya yuro milioni 1.1, na moja ya makosa waliyotaja ni saa za kuhesabu dukani zilizopotosha watoto, zikiwafanya waamini kitu kinaisha kumbe bado kingepatikana. Epic walipinga. Lakini angalau kuna nchi mtu mzima alikaa ofisini akaitazama ile saa, akauliza inafanya nini kwa mtoto wa miaka kumi na miwili. Sisi huku tunaambiwa tu "wacha simu usome".

Na kusoma ndiyo mahali hii kitu inaumia zaidi, kwa Kisii na Nyamira hasa. Huku kwetu sekondari ya bweni ndiyo ndoto ya kila mzazi. Kisii School, Nyambaria, Nyabururu Girls, orodha ni ndefu. Simu haziruhusiwi bwenini, na sipingi hiyo sheria, sitaki niletewe barua na wazazi. Naongea hesabu. Muhula wa kwanza ni wiki kama kumi na tatu. Msimu mmoja wa Call of Duty: Mobile ni kama mwezi. Mwanafunzi akifunga sanduku Januari na kulifungua Aprili, misimu mitatu hivi imempita, kila mmoja na modi zake na zawadi zake. Aliyepanga ile ratiba hakumfikiria. Alifikiria mtoto anayerudi nyumbani saa kumi jioni kila siku, ana intaneti ya ukutani, na simu ni yake.

Binamu yangu yuko bweni upande wa Nyamira. Akifunga shule ana kama wiki tatu za kucheza, na simu yenyewe ni ya mama yake, anayoitumia kwa M-Pesa na chama. Kwa hivyo anacheza usiku mama akilala. Gemu nyingi hubadilisha siku kwa saa ya dunia ya UTC, ambayo kwetu ni saa tisa usiku. Kazi za leo zinafutwa saa tisa, mpya zinaingia. Unaelewa sasa kwa nini kuna watoto wako macho saa tisa usiku Kebirigo, na mvua imenyesha, na stima ilienda jioni, na betri iko asilimia kumi na nne? Huyo hachezi juu anafurahia. Huyo anamaliza shifti.

Hapo bado sijataja bando. Modi mpya mara nyingi inakuja na ramani, na ramani inadownlodiwa. Simu ya GB 32 iliyojaa picha za harusi ya shangazi lazima ifutwe kitu ndio ramani iingie. Mtu ananunua bando, anashusha ramani, anaicheza siku nne, modi inaondoka, ramani inabaki imekalia simu bure. Kisha inarudi baada ya miezi minne, ushaifuta, unashusha tena. Mtu wa mjini mwenye WiFi haoni hii gharama kabisa.

Niseme pia kwamba mimi huyu ninafaidika. Modi mpya ikitoka, video yangu ya "nimejaribu modi mpya" inapata watazamaji kuliko kitu kingine chochote ninachofanya mwezi huo. Hofu yenu ya kukosa ndiyo inanilipia bando. Kwa hivyo mkiona creator anashangilia kila modi ya siku tano kama Krismasi, jueni naye ana biashara yake hapo, hata awe mtu poa.

Mtu ataniambia Wakisii tumezoea kungoja, si Shabana ilishuka ligi kuu 2006 na ikarudi 2023? Kweli, miaka 17. Lakini tukingoja Shabana kulikuwa na jedwali. Ulijua wako nafasi ya ngapi, wanahitaji pointi ngapi, nani awafunge nani. Ukikata tamaa, ulikata tamaa ukiwa na habari. Modi ikiondoka, jedwali liko wapi? Call of Duty: Mobile walileta Zombies Novemba 2019, wakaitoa Machi 2020 wakisema haikufikia kiwango walichotaka. Tukakaa tukiokota uvumi miaka, kila wiki kuna jamaa YouTube ana mshale mwekundu kwenye picha anasema "INARUDI KESHO".

Kwa hivyo cha kwanza nataka ni ratiba. Miezi mitatu mbele, ibandikwe ndani ya gemu: modi hii wiki hii, ile wiki ile. Haiwagharimu kitu, wanaijua tayari, ni vile wanafaidika sisi tusipojua. Ukijua modi unayopenda inarudi Agosti 10, unalala Julai. Zawadi nazo zisifungwe kwa tarehe: uliyemaliza nusu ya kazi Aprili, umalizie Agosti modi ikirudi. Beji ni picha, haiozi.

Lakini ile ninayoipigania hasa ni room. Sababu yote ya kuzungusha modi ni kwamba foleni haijai. Sawa. Mimi nikiwa na wasee wangu kumi, watano Kisii mjini na watano Nyamira, sihitaji foleni. Watu ninao. Nipe modi ya zamani ndani ya room ya faragha, tuingie kwa kodi yetu, tucheze Manga dhidi ya Suneka mpaka tuchoke. Hatujamnyima mtu mwingine mpinzani.

Watasema seva ni ghali, na hapo hawadanganyi. Fortnite walipoleta Playground mwisho wa Juni 2018, modi ya kikundi cha marafiki wachache kwenye kisiwa chao wenyewe, mfumo wa kupanga mechi ulianguka siku hiyo hiyo na wakalazimika kuizima hadi mwanzo wa Julai. Seva moja iliyokuwa ikibeba watu 100 sasa ilibeba wanne. Piga hiyo hesabu kwa mamilioni. Lakini angalia kilichofuata: walirekebisha, na Desemba mwaka huo huo wakatoa Creative, ambayo leo watu wanajitengenezea modi wenyewe humo ndani. Inawezekana, basi. Na kama gharama ni shida, wekeni room ifunguke wikendi peke yake, ama kadi ya room ipatikane kwa kucheza badala ya kununua. Nitacheza mechi ishirini za kawaida kupata Jumamosi moja.

Pale kwenye vibanda vya PS karibu na chuo, kuna diski ya PES ya zamani imekwaruzwa mpaka inaonekana kama sahani, na bado watu wanapanga foleni. Hakuna aliyewahi kuja kuitoa kwa sababu msimu umeisha. Wachezaji wengi waliomo walistaafu kitambo, na bado mtu anampiga mwenzake nne bila anaenda nyumbani akiringa.

Mimi nikipewa kurudisha modi moja kwa room, ni Zombies, ile ya 2019, na jina langu la kwanza kwenye orodha ni binamu. Agosti atakuwa likizo. Simu ya mama tutaiomba mapema.