Mlima Peke Yake Hautengenezi Filamu

Imani kwamba Kilimanjaro ni seti tayari, na kwamba mtu wa Moshi anayetaka kutengeneza filamu anahitaji kamera tu, ni uvivu uliovikwa joho la uzalendo. Kwa wenye imani hiyo, usanifu wa seti na efekti za picha ni kazi za watu waliokosa mandhari.

Historia inawakatalia. The Snows of Kilimanjaro ya mwaka 1952 ilipigwa kwa sehemu kubwa kwenye studio za 20th Century-Fox, Los Angeles, na wabunifu wa seti zake, wakiwemo Lyle Wheeler na John DeCuir, wakateuliwa kuwania Oscar. Mlima ulitoa jina, ujira ukaenda kwa mafundi wa California.

Tena mlima wenyewe hauaminiki. Alfajiri Kibo, kilele chake kikuu, huwa wazi. Kufikia saa nne mara nyingi kimeshajifunika. Mazungumzo ya dakika tatu huweza kupigwa siku nzima, kwa hiyo mwanamke anauliza swali kilele kikimeta nyuma yake, na anapojibiwa kilele hakipo. Fundi wa efekti huupiga mlima mapema, kamera ikiwa imetulia juu ya stendi, kisha huupachika nyuma ya waigizaji wa mchana, akilinganisha mwanga na ukungu mpaka jicho likubali. Filamu inayohusu enzi za Mjerumani ina kazi zaidi: takriban asilimia 85 ya eneo lililofunikwa na barafu mwaka 1912 lilikuwa tupu kufikia 2007. Kibo cha leo nyuma ya askari wa wakati ule ni uongo, hata kama kimepigwa papo hapo Marangu.

Mjini Moshi ni hivyo hivyo. Tukio la mwaka 1928 likipigwa karibu na stesheni ya reli, mita za LUKU, madishi na bajaji lazima vipotee. Bango la wakulima wa kahawa liandikwe KNPA, chama cha mwaka 1925, kwa kuwa KNCU, mrithi wake, ilikuja 1933. Ubao uliotoka kwa seremala jana huzeeshwa kwa msasa, masizi na maji ya chai.

Kisingizio cha gharama nacho hakina miguu. Huko Wakaliga, Kampala, Nabwana I.G.G. alitoa filamu ya Who Killed Captain Alex? mwaka 2010; bunduki ziliundwa na Dauda Bisaso kwa vyuma chakavu, na milipuko ilitoka kwenye kompyuta. Flow, iliyoshinda Oscar mwaka 2025, ilitengenezwa kwa Blender, programu ya bure.

Hofu ya mzazi wa Kibosho kuhusu kipato cha mtoto anayetaka kazi hii ndiyo yenye uzito. Kampuni ya Rhythm & Hues, ya efekti za picha, iliomba kinga ya mufilisi Februari 2013, mwezi uleule Life of Pi ilipoipatia Oscar. Ndiyo maana ni busara kuanzia kwenye useremala na uchoraji wa mabango: filamu zikikosekana, milango bado inaagizwa.