Kanda za Kale na Tarakimu za Wauzaji

Nyimbo za Jamhuri Jazz na Atomic Jazz za Tanga, pamoja na taarabu ya Black Star, zilisikika Muheza kwa redio na santuri miaka mingi kabla ya kompyuta kufika. Siku hizi mikusanyo ya nyimbo za kale, za huku na za ng'ambo, huuzwa kwa sifa mpya: sauti imepimwa mara 96,000 au hata 192,000 kwa sekunde, na kila kipimo kimeandikwa kwa biti 24. Sidii ya kawaida hupima mara 44,100 kwa biti 16. Mnunuzi huamini kwamba tarakimu ikikua, na muziki umekua.

Fizikia haikubaliani naye. Sikio la kijana husikia mitetemo ipatayo 20 hadi 20,000 kwa sekunde. La mzee halifiki huko. Mtetemo huhifadhika ukipimwa zaidi ya mara mbili katika kila mzunguko wake, kwa hiyo vipimo 44,100 vyatosha. Biti 16 nazo hutoa nafasi ya desibeli 96 hivi baina ya mnong'ono na kishindo, ilhali ukanda wa sumaku wa zama zile, kwa sababu ya mvumo wake, ulikuwa na 60 au 70 tu. Kuumimina katika biti 24 ni kutia kibaba cha mchele ndani ya gunia. Na gunia lina gharama: nakala ya biti 24 na vipimo 192,000 hujaza nafasi zaidi ya mara 6 ya ile ya sidii.

Biti nyingi zina kazi yake katika hifadhi. Radio Tanzania Dar es Salaam ilirekodi bendi nyingi kwa kanda, na gundi inayoshika chembe za oksidi ya chuma hunyonya unyevu. Anayenakili ukanda unaopukutika huenda asipate nafasi ya pili; huyo na apime kwa wingi. Lakini kwanza asafishe kichwa cha mashine na kukinyoosha, maana kichwa kilichopinda kidogo hupoteza sauti nyembamba, wala vipimo 192,000 havizirudishi. Fedha zinazotolewa kununua tarakimu zingefaa huko.

Mwalimu mwenye shaka awapigie wanafunzi nakala mbili za rekodi moja, kwa kishindo kilicho sawa, bila kuwaambia ipi ni ipi, mara 20, kisha wahesabu majibu.